Dakika Hamsini za Alhamisi

Alhamisi hiyo fundi viatu alikuwa ameamua kuota mlango.

Kuota kwenyewe haoti. Yeye akilala ni gogo, hata umburute. Lakini alikuwa amesoma kwenye kitabu cha maktaba, kidole chini ya mstari, midomo ikicheza, kwamba mlango ndotoni ni jambo zito. Na daktari wa akili anayemwendea kila Alhamisi alikuwa na tabia moja: ukimwambia shida yako kama ilivyo, haandiki. Ukimwambia umeota, kalamu inakimbia kama panya darini.

Hicho kilikuwa kitabu cha nne, na vyote habari ni moja. Eti mtu ana akili ya juu anayoijua, na chini yake ipo nyingine asiyoijua, kama soli ya ndani ya kiatu. Huioni, ila ndiyo inayokuchubua. Hapo fundi alikubali. Mengine yalimshinda. Eti ukipoteza funguo, basi moyoni hukutaka kurudi nyumbani. Zake zilipotea kwa sababu mfuko ulitoboka.

"Una miadi, mzee?" akauliza msichana wa mapokezi.

"Ninayo, binti. Ya saa nne. Si wewe mwenyewe uliyeniandika?"

"Lazima niulize. Daktari haoni mtu bila miadi, hata awe nani."

"Hilo nalijua kuliko wewe."

Ndani akavua viatu, akajilaza kwenye kochi. Daktari akakaa nyuma ya kichwa chake, maana ndio utaratibu, mgonjwa asimwone anayemsikiliza. Siku ya kwanza kabisa alimwambia: humu mimi ni daktari na wewe ni mgonjwa, mengine tuyaache nje. Basi mzee wa watu kila wiki anaongea na dari, kama mlevi.

"Wiki imekwendaje?"

"Mke wangu anapasuliwa Jumatatu. Moyo. Anamtaka mtoto wetu, amwone kabla hajaingia."

Kalamu haikusogea.

"Na unajisikiaje ukisema hivyo?"

"Sijisikii, nasema. Tunaye huyo mmoja tu. Nikimpigia simu anasema ana kazi."

"Unadhani ni kwa nini unampigia saa ambazo unajua ana kazi?"

Fundi akauma meno. Hayo yalikuwa kwenye kitabu cha pili, pale penye doa la chai.

"Nimeota," akasema.

Kalamu ikaamka.

"Nimeota nyumba. Mke wangu yuko ndani, mlango hauna kitasa. Mtoto yuko nje, anasoma. Namwita, ananiambia nisubiri amalize ukurasa."

"Mlango." Sauti ya daktari ikachangamka. "Huo mlango unakukumbusha nini? Utoto wako? Baba yako?"

"Unanikumbusha mlango, daktari. Mtu aufungue."

"Unaona unavyokwepa?"

Mzee akainukia kiwiko, jambo lisiloruhusiwa. "Wewe una elimu. Mimi niliishia darasa la nne. Niambie kwa maneno ya kawaida: mtu kama huyo mwanangu, nimwambieje mpaka aje?"

Daktari akakohoa. Akakohoa tena.

"Hicho kifua bado tu? Si nilikwambia unywe maji ya moto."

"Turudi kwako, mzee."

"Kwangu hakuna kitu. Jumatatu, saa mbili asubuhi, wodi namba sita. Ukinichimba mpaka kesho hutakuta kingine."

Nyuma ya kichwa cha fundi kiti kikalia, kalamu ikawekwa mezani.

"Labda mwanao anaogopa," daktari akasema taratibu. "Wapo watu hawawezi kumwona mzazi kitandani. Wanajificha kwenye kazi, na wenyewe hawajui kwamba wamejificha."

"Huyu sasa amejua?"

"Hilo ni la kwake."

"Vitabu vyenu vinajua ya kila mtu, ila ya huyu ni ya kwake."

Saa ya mezani ikalia. Dakika hamsini zimekwisha. Fundi akaketi, akavitafuta viatu kwa vidole vya miguu, amechoka kuliko kama angeshona jozi kumi. Vitabu vinne. Ndoto kumi na moja, zote za kutunga, na ile ya treni ilimgharimu siku mbili nzima. Na bado anatoka kama alivyoingia.

"Alhamisi ijayo, saa nne?"

"Alhamisi itakuwa Jumatatu imeshapita."

"Najua."

Mzee akashika njia ya mlangoni. Nyuma yake daftari likafungwa.

"Baba," mwanawe akasema, bila kuinua uso, "msalimie mama. Mwambie Jumatatu nina wagonjwa mpaka jioni."