Kanga Juu ya Runinga

Wanaume waliporudi kutoka makaburini, Zamda alivua kanga yake ya juu akaifunika runinga, kama inavyofanywa kwenye nyumba yenye msiba. Binti yake Nusra alikuwa ameketi mkekani mbele ya runinga hiyo, rimoti mkononi. Tangu jana hakuwa ameiachia, hata wakati baba yake anatolewa ndani.

"Lete hiyo, mwanangu."

Nusra hakuleta. Zamda akachutama karibu yake, akauliza lile swali lililomkaa kooni tangu aliporudi na dawa akamkuta mumewe ameanguka mlangoni mwa chumba.

"Baba yako hakukuita?"

"Aliniita, mama."

"Ukamwendea?"

Binti aliitazama kanga. "Tamthilia ilikuwa imefika pale bibi harusi anataka kunywa sumu. Nikawa sisikii wanachosema."

"Nusra, nakuuliza ulifanya nini."

"Niliongeza sauti."

Zamda hakumpiga. Alimbandua vidole kimoja kimoja kwenye rimoti, akaifunga kwenye pindo la kanga aliyobaki nayo, akainuka kuwafuata wenzake uani. Kilio kilimtoka kabla hajafika mlangoni, na wanawake kule nje wakakipokea.

Akageuka. Nusra alikuwa pale pale, macho kwenye kanga, kana kwamba nyuma ya kitambaa hicho bado kuna watu wanaoongea. Na kila kilio kilipopanda uani, kidole gumba chake kilibonyeza mkono mtupu.