Majani Yenye Maji

Bi Tausi hakutia chakula kinywani wala hakusema neno tangu wamzike binti yao. Mumewe, Mzee Kibwana, ambaye hakuwahi kupika hata uji, aliingia jikoni kumkaangia majani ya mchicha mpaka yakauke, kama mkewe alivyoyapenda.

"Tausi, ule jani moja tu, nakuomba," aliita kuelekea chumbani.

Akayaosha majani, akatumbukiza konzi ya kwanza kwenye mafuta ya moto ikichuruzika maji. Mafuta yakaruka, yakamchoma mikono, akapiga ukelele.

"We mwanamume, majani yanakaushwa kwanza! Unataka kutuunguza?"

Mzee aligeuka. Bi Tausi alikuwa mlangoni, ameshika ukuta. Alijikokota hadi kwenye kigoda, akaanza kuyafuta majani yaliyobaki kwa upindo wa kanga, moja moja, huku machozi yakiyalowesha tena.