Neno la Kukua

Mjini pale alibaki mchoraji Mwanakheri peke yake aliyekijua Kinyulu, lugha ambayo maneno yake yakitamkwa mbele ya picha, wakati hutii. Kwa neno moja, picha haibadiliki kamwe. Kwa jingine, aliyemo ndani yake huanza kuishi siku zake kama sisi.

Asubuhi moja Bi Shemsa alimletea picha ya bintiye Tunu, aliyefariki kwa homa akiwa na miaka sita.

"Nitamkie la kukua," alisema.

"Mwenzangu, hilo nilimtamkia marehemu mume wangu. Alizeeka pale ukutani, hata siku moja nikaamka nikakuta kiti alichokalia pichani ni kitupu. Nikamlilia mara ya pili. Acha nikutamkie la kudumu."

"Kudumu kumenichosha. Wenzake wote wameshang'oka meno ya utoto, yeye bado."

"Na akikutoka tena?"

"Atakuwa ameishi."

Mwanakheri aliisogelea picha, akalitamka neno taratibu, kama mtu anayemwamsha mtoto.

Hakukuwa na kishindo. Tunu alipepesa macho tu, akapiga mwayo.

Masika ya mwaka uliofuata yalipokwisha, Bi Shemsa alirudi na picha yake, anacheka huku machozi yanamtoka. Gauni la mtoto lilikuwa limepanda juu ya magoti. Mwanakheri akaanza kuchanganya rangi, na mle ndani ya picha Tunu akanyoosha mikono pembeni, kama watoto wafanyavyo wanapopimwa nguo.