Mtihani wa Tatu wa Bi Sikudhani

Katika chuo kikuu cha ndoto na kumbukumbu, wanafunzi wa jioni walikuwa na mtihani mmoja tu: kumkumbuka mtu waliyemsahau. Bi Sikudhani, mwenye miaka sitini, alikuwa ameshindwa mara mbili kuukumbuka uso wa marehemu mama yake. Leo ndiyo ilikuwa nafasi yake ya mwisho.

"Usiseme kitu, mama," mwalimu alimwambia, akimpa miyaa, majani makavu ya kusukia mikeka. "Suka tu."

"Haa! Nimeacha ukili wa mkeka nyumbani, nije kusuka ukili chuoni?"

Wenzake wakacheka. Akaomba dua kimoyomoyo, akafumba macho, akaanza kusuka. Vidole vyake vilipokosea, alihisi mkono mwingine ukivishika na kuvirudisha taratibu, kama mama yake alivyofanya alipomfundisha kusuka.

"Unamwona?" mwalimu aliuliza.

"Ngoja," alinong'ona. "Ndiyo kwanza anageuka."