Cheti cha Uskoti

Nikaha ilikuwa kesho, na ndipo Sufian, mchumba wa binti yangu, aliponiletea cheti chake cha Uskoti.

"Hisabati, A yenye nyota, Mama."

Nilikipapasa. Karatasi nene, muhuri umechimbika vizuri. Lakini kazi yangu ni kukagua vyeti vya wageni chuoni, hapa Kibuli. Nyota ni ya Waingereza, kwenye mtihani wao wa A-level. Waskoti hufanya mtihani wao wa Higher, na alama yao ya juu ni A tupu.

"Nyota hii walikupa hukohuko Uskoti?"

"Hukohuko, wallahi."

Binti yangu, mikono imejaa hina mbichi, akacheka. "Mama anahoji kama polisi!"

"Wewe," nikamwambia, "nenda ukanawe hiyo hina kabla haijashika."