Kioo Juu ya Ufa

Asubuhi ya mahafali, Profesa Tunu hakuweza kuketi. Alikuwa mhandisi wa kwanza mwanamke katika mji ule, na ukumbi huu wa shule ndio jengo lake la kwanza. Ukuta wake ulipoingia ufa, alibandika kipande cha kioo juu ya ufa huo kwa saruji, ili ukuta ukisogea kioo kivunjike. Kila alipokuja kutoka chuoni alikikuta kizima, akaandika kwamba ukumbi ni salama.

Leo pia kilikuwa kizima. Kiling'aa mno.

“Mzee Mbelwa,” alimwita mtunza ukumbi, “mbona hakina hata vumbi?”

“Kile chako kilivunjika zamani, mama. Nikasema, Profesa akija akute kimevunjika, atatuona watu gani? Nikabandika kipya.”

“Umebadilisha mara ngapi?”

Mzee alitabasamu kwa haya. “Hiki cha tano. Nimekitia juzi.”

Nje ngoma ililia. Wazazi walikuwa wakipanda ngazi na kanga zao mpya, wakiwahi viti vya mbele.

Profesa aliufunga mlango, akauegemea kwa mgongo.

“Pita nyuma, uwaambie warudi uwanjani. Waambie mimi ndiye niliyekosea.”

“Wewe, mama? Mbele ya mji mzima?”

“Nenda, baba.”

Wazazi walibisha, kwanza kwa adabu, halafu kwa ngumi. Profesa hakugeuka. Kila ngumi ilipotua, kule ukutani kioo kilitetemeka.