Pasipoti ya Ansbert

"Aje mwenyewe Ijumaa na faini yake," alisema Idefonsi, afisa forodha wa mpakani, bila hata kuinua macho. "Nitampa."

"Mume wangu yuko kitandani na malaria," Deodata akajibu. "Pasipoti yake naitaka leo."

Ulikuwa mwaka wa vita, na wasafiri walipekuliwa mpaka kwenye soli za viatu. Idefonsi alikuwa na ulimi mchungu tangu zamani. Sasa ndiyo usiseme. Alifungua droo, akaitoa ile pasipoti, akampungia nayo usoni kama anayemchezea mbwa kwa mfupa.

"Unajua mumeo alitaka kuvusha nini kwenda Rwanda? Vitenge viwili, sabuni, na viatu vya mtoto mchanga. Na huku hata sanda haipatikani dukani. Mna kichanga nyumbani?"

Deodata, ambaye kitinda mimba wake yuko darasa la tatu, na kitenge alichojifunga kina viraka, alimkazia macho.

"Hayo hayakuhusu, ndugu. Mizigo baki nayo. Pasipoti umeizuia kwa sheria gani?"

"Sheria ya droo hii. Na ikipotelea humu, nyingine ni mpaka Dar es Salaam, tena vita hivi wala hawatoi. Haya, nenda kashitaki."

Alidhani hataweza, mshenzi yule. Kesho yake Deodata alidandia lori hadi Ngara, cheti cha ndoa ya kanisani amekisunda kifuani, akasimama mbele ya hakimu, mzee mwenye kikohozi.

"Shikamoo, mheshimiwa."

"Marahaba, mama. Sema."

"Forodha wameshika pasipoti ya mume wangu. Hawajamshitaki wala hawajatoa risiti. Mimi na watoto wangu wanne, nyumba yetu yote iko mashakani kwa sababu ya hiyo pasipoti."

Idefonsi akaitwa. Alikuja amevimba, akaanza kuhutubia habari za magendo na usalama wa taifa. Hakimu alimkata kauli.

"Mizigo unaweza kuizuia. Pasipoti si mzigo. Kama una shitaka, lilete hapa. Kama huna, mpe mkewe leo hii, ama nikuweke ndani kwa kuidharau mahakama."

Idefonsi aliitupa mezani. "Chukua. Mwanamke jeuri wewe. Ijumaa mumeo angeipata bila makelele yote haya."

"Najua," alisema Deodata.

Lori lilimshusha karibu na daraja la mpakani jua likiwa bado kali. Hakupanda njia ya nyumbani. Aliteremka hadi ukingoni mwa Kagera, pale maji yanapoporomoka kwa kishindo, akaichana pasipoti ukurasa kwa ukurasa na kuvitupa vipande mtoni. Picha aliimalizia mwisho.

"Haya, Ansbert," alisema. "Sasa ogelea, umfuate huyo mwanamke wako wa Kibungo na kichanga chenu."